Kabla ya kuandika programu, zunguka bustani na mzee

Nimekuwa kimya hapa kwa wiki kadhaa na wengine wenu mmeniuliza kama nimeacha kuandika. Sijaacha. Nilikuwa na kazi iliyonilipa vizuri kwa muda mfupi, kisha nikaikataa, na leo nataka kuwaeleza kwa nini. Atakayeona nimefanya ujinga aniambie bila kunionea haya.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Kikundi kidogo cha watu wenye wazo zuri walinitafuta niwaandikie programu ya simu ya kuwazungusha watu katika bustani za umma za Nairobi. Mgeni anafika, anafungua simu, anaelekeza kamera kwenye kibao chenye msimbo wa QR, na mti unajieleza wenyewe: jina, ulikotoka, unatumika kwa nini. Hakuna kumsubiri mtu. Hakuna kumlipa mtu. Katika waraka wa mradi kulikuwa na mstari mmoja uliosema gharama ya waongoza wageni itakuwa sifuri.

Niliusoma mstari huo nikaendelea mbele. Wala haukunisumbua. Chuoni tulifundishwa kwamba kazi inayojirudia apewe nani? Mashine. Mtu anayesimama chini ya mti uleule kila siku na kusema maneno yaleyale, kwa macho ya mwanafunzi wa sayansi ya kompyuta, ni kitanzi kinachosubiri kuandikwa. Nikapokea nusu ya malipo, nikamtumia dada yangu karo, nikafungua jedwali jipya la Excel.

Jedwali lilikuwa na safu saba: namba ya mti, jina la kisayansi, jina la Kiingereza, jina la kienyeji, asili, matumizi, na mahali ulipo kwa vipimo vya GPS. Likumbukeni jedwali hili, maana ndilo lililonivunja mguu.

Ili kulijaza, nikaamua kumlipa mwongoza wageni anizungushe siku nzima. Nilienda kama jasusi, kusema ukweli. Nilitaka kuchota alichonacho kichwani, nikiweke kwenye hifadhidata, halafu yeye asihitajike tena. Alikuwa mzee wa miaka sitini na kitu, kofia ya sufu kichwani ingawa jua lilikuwa limewaka, na fimbo aliyoitumia kuonyesha zaidi ya kutembelea. Sitamtaja jina. Mtaona baadaye kwa nini.

Akaniuliza natoka wapi. Nikamwambia Chepseon.

"Chepseon ya Kericho? Basi wewe ni mtu wa chai," akasema. "Twende, nikuonyeshe ulikotoka."

Nikadhani anatania.

Bustani ya kwanza

Tulianzia Jeevanjee Gardens, katikati ya jiji. Nimeikata bustani hiyo mara mia moja nikikimbilia matatu, na nilichokijua ni wahubiri wa saa saba na wale wazee wanaojadili siasa kwenye viti, wanaojiita Bunge la Mwananchi. Mzee alinisimamisha akaniambia nitazame mahali penyewe kwanza, watu baadaye. Ekari tano hivi za nyasi na miti, na kila upande maduka na majumba. Ardhi ya bei gani hiyo?

Alibhai Mulla Jeevanjee, mfanyabiashara aliyezaliwa Karachi na kupata zabuni nyingi wakati reli ya Uganda inajengwa, ndiye aliyeitoa bustani hiyo kwa watu wa Nairobi mwaka 1906. Mwaka huohuo ikasimamishwa humo sanamu ya Malkia Victoria. Hayo yote programu yangu ingeyasema, tena kwa sauti tamu zaidi. Lakini mzee aliendelea. Mwaka 1991 kulikuwa na mpango wa kujenga hapo maegesho ya magari na maduka, na mjukuu wa Jeevanjee, Zarina Patel, akasimama na wenzake kupinga mpaka mpango ukafa.

"Kijana," akaniambia, "hapa unapokanyaga palitaka kuliwa. Nilikuwa Nairobi. Niliona."

Neno hilo, niliona, sikuwa na safu yake kwenye jedwali.

Kutoka hapo tukatembea kuelekea juu. Uhuru Park tuliitazama kwa upande wa pili wa barabara. Jomo Kenyatta aliifungua mwaka 1969. Mwaka 1989 chama tawala kilitaka kujenga ndani yake jumba la ghorofa 60, na Wangari Maathai akaandika barua moja baada ya nyingine kuuliza swali dogo: kwa nini ndani ya bustani ya watu? Alitukanwa bungeni. Wafadhili wa ng'ambo wakaingiwa na baridi na jumba halikujengwa. Miaka kumi baadaye, Januari 1999, alipigwa hadi akatoka damu kichwani kwa sababu ya msitu wa Karura. Mwaka 2004 akapewa Tuzo ya Nobel ya Amani, na Septemba 2011 akatuacha. Mzee aliyasema haya taratibu, bila kupandisha sauti, kama mtu anayehesabu madeni yaliyolipwa.

Seva ya majaribio

Nairobi Arboretum iko kando ya State House Road, hekta 30 hivi, na Mto Kirichwa Kubwa unapita pembeni. Ina aina zipatazo 350 za miti. Tumbili wanakupokea langoni kama askari wa kaunti. Ukibeba ndizi umekwisha.

Hapa ndipo mzee alipotimiza ile ahadi ya kunionyesha nilikotoka.

Bustani hii ilianzishwa mwaka 1907. Haikuanzishwa ili watu wapumzike. Reli ilikuwa imefika Kisumu mwaka 1901, na treni za wakati huo zilikula kuni. Zilipanda kutoka Nakuru, zikapita Londiani, zikateremka Lumbwa, ambayo leo tunaiita Kipkelion, hadi Fort Ternan na Muhoroni. Hayo ni majirani zangu. Kutoka Chepseon, Londiani na Kipkelion si safari, ni matembezi ya sokoni. Misitu ya huko kwetu ilikuwa inaingia tumboni mwa treni, na serikali ya kikoloni ikahitaji miti inayokua upesi ili kujaza pengo. Ndiyo maana ikatenga kipande cha ardhi Nairobi, ikaleta mbegu kutoka Australia, Amerika ya Kusini, Asia na kwingineko, ikapanda na kungoja ione upi utashika.

Wasomaji wenzangu wa kompyuta, mmeielewa? Ilikuwa seva ya majaribio! Unaweka kitu kipya mahali padogo, unakiangalia, kikikubali unakipeleka kwa wateja wote. Wakati huo huo karibu kila mahali ilikuwa hivyo. Entebbe walifungua bustani yao ya mimea mwaka 1898, Wajerumani wakaanzisha ya Amani, kule milima ya Usambara, mwaka 1902. Chai nayo ilipandwa Limuru mwaka 1903 kama jaribio, na miaka ya 1920 makampuni makubwa yakaileta Kericho, na vilima vyetu vikageuka zulia moja la kijani.

Mzee akanisimamisha chini ya mkaratusi. Akaniuliza kama naujua. Nani kwetu asiyeujua? Sisi huuita bulugamu, na viwanda vya chai huuchoma kupata mvuke wa kukaushia majani. Kisha akanionyesha mgrivea, nao wa Australia, ule uliopangwa mistari mistari kwenye mashamba ya chai kuzuia upepo. Nilikulia katikati ya miti hii miwili. Mpaka siku hiyo niliamini kabisa kwamba ni miti ya Kericho tangu Mungu aumbe Kericho.

"Hii ndiyo iliyofaulu mtihani," akasema mzee. "Sasa twende kwa ile ambayo haikupewa mtihani, kwa sababu ilikuwa nyumbani."

Jedwali linavunjika

Tukafika kwenye mti mkubwa wenye mizizi inayoning'inia kutoka matawini kama kamba, shina lake si moja bali mengi yaliyokumbatiana. Nikaielekezea simu programu ya kutambua mimea. Ikanipa majibu matatu, kila moja na asilimia yake, na yote matatu yakianza na neno Ficus. Nikamgeukia mzee.

"Sisi Wakikuyu tunauita mugumo," akasema. "Nyinyi Wakipsigis mnauitaje?"

Sikujua.

Nina shahada. Naweza kukueleza jinsi pakiti ya data inavyotoka simu yako hadi seva ya Ireland na kurudi. Lakini mzee wa kabila lingine ameniuliza jina la mti katika lugha ya mama yangu, nami nimesimama pale kama simu isiyo na mtandao.

Nikapiga nyumbani. Mama akashika, akaniuliza kama nimekula, kisha akampa simu Kogo, nyanya yangu. Baada ya chamgei za kutosha nikamweleza kuna mti hapa, mkubwa, majani ya kijani iliyokolea. Kogo hakuuliza jina la kisayansi. Aliuliza: ukikwaruza gome, unatoa maziwa? Nikamuuliza mzee kwa Kiswahili, akasema ndiyo. Mizizi inashuka kutoka juu? Ndiyo. Ulianza peke yake au juu ya mgongo wa mti mwingine? Mzee akacheka aliposikia swali hilo. Akasema ndege huacha mbegu juu ya mti mwingine, nao ukishuka unaumeza ule ulioupokea.

"Huo ni simotwet," akasema Kogo. "Si ule wa kisimani? Umeteka maji chini yake miaka yote hiyo, na leo unauliza Nairobi?"

Hapo ndipo niliponyamaza.

Kisima chetu kiko chini ya shamba, na juu yake kuna mti mkubwa. Nilipokuwa darasa la sita, baba alitaka kuukata ili apate nafasi ya mistari mingine ya chai. Bei ilikuwa nzuri mwaka huo. Kogo alikwenda akaketi chini yake asubuhi na mapema akiwa na kiti chake na chupa yake ya chai, akakataa kuondoka. Hakuna aliyemwambia aondoke. Sisi watoto tulimcheka. Tulidhani ni ukaidi wa uzee. Jirani zetu wa upande wa juu walikata wao, na leo, kiangazi kikikaza, wanakuja kuteka kwetu. Sisemi mti ule peke yake ndio uliolinda maji, mimi si mtaalamu wa maji. Nasema Kogo alijua kitu, akakitetea, na sikuwahi kumwuliza ni kitu gani.

Sasa turudi kwenye jedwali langu. Safu ya nne ilisema: jina la kienyeji. Moja! Mti huu mmoja ni mugumo kwa huyu, simotwet kwa yule. Jina moja la kienyeji laweza kubeba aina mbili tatu za mwanasayansi, na wanabotania wenyewe wamebishana miaka mingi mpaka uko wapi kati ya Ficus thonningii na Ficus natalensis. Mti ambao Wakikuyu huuita mutundu sisi huuita tebesuet. Wapo wasiojali aina, wanajali kazi: kichaka cha senetwet, chenye maua ya njano, kwetu hakijulikani kama mmea wa mapambo. Kinajulikana kwa sababu kijiti chake ukikichoma, mkaa wake ndio unaosugua kibuyu cha mursik. Weka "matumizi: dawa, mapambo" na umesema uongo kwa adabu.

Mnaweza kuniambia hilo ni tatizo dogo la hifadhidata. Tengeneza jedwali la pili la majina, uhusiano wa wengi kwa wengi, umemaliza. Kweli. Nilikwisha lichora kichwani kabla hatujaondoka pale. Lakini nani atalijaza? Kogo hajui kusoma. Mzee ana simu ya vibonye. Wenye data hawako kwenye mtandao, na sisi tunaojenga mfumo tumeanza kwa kuwafuta kwenye bajeti.

Safu ya saba

Kuna jambo la pili, na hili ndilo linalonifanya niseme nilikosea na si kwamba nilikuwa na haraka tu.

Tulipita penye muiri, ule sisi twauita tendwet, na kitabuni Prunus africana. Gome lake hutengenezewa dawa za tezi dume na huuzwa ng'ambo, na tangu miaka ya 1990 biashara yake imewekwa chini ya mkataba wa kimataifa wa CITES kwa sababu watu walikuwa wanaibambua miti hadi inakufa imesimama. Nilitoa simu nichukue vipimo vya GPS. Kwa kawaida simu hukosea mita tano hivi mahali pa wazi, na chini ya matawi hukosea zaidi, kwa hiyo nilikuwa nangoja namba itulie. Mzee akaniuliza nafanya nini. Nikamweleza kwa fahari: kila mti utakuwa kwenye ramani, mtu yeyote duniani atauona.

Akaniangalia kidogo. "Mtu yeyote?"

Hakusema zaidi. Nikaifuta namba ile.

Tunapenda kusema habari inataka kuwa huru. Mimi mwenyewe nimeiandika sentensi hiyo, tena si mara moja. Lakini mwongoza wageni ana kitu ambacho hifadhidata yangu haina: anamtazama anayeuliza. Mtoto wa shule anaambiwa yote. Mtu anayeuliza gome linauzwa kilo ngapi anaambiwa twende tukaone tumbili. Ukitaka kulinganisha na fani yetu, huo ni udhibiti wa ruhusa, na ni bora kuliko ule niliowahi kuuandika.

Na tena, maarifa hayo ni ya nani? Kenya ina Sheria ya Kulinda Maarifa ya Jadi na Semi za Kitamaduni ya mwaka 2016, inayosema jamii ina haki juu ya maarifa yake na lazima iombwe ridhaa kabla ya mtu kuyatumia kibiashara. Tuna pia Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019. Nilikuwa nimerekodi sauti ya mzee asubuhi nzima, simu ikiwa mfuko wa shati, bila kumwambia. Nilikuwa nimemlipa siku moja ya kutembea, nikadhani nimenunua miaka yake thelathini. Jioni tukinywa chai nikamkiri. Hakukasirika. Aliniuliza tu: "Na mimi nitakula nini wewe ukishasema yangu yote?" Nilifuta rekodi ile mbele yake. Ndiyo sababu pia jina lake halimo hapa, nikilitaka nitaliomba.

Mtalii na shahidi

Niseme maoni yangu waziwazi sasa. Bustani za umma za Nairobi hazikuokolewa na vibao. Ziliokolewa na watu waliojua hadithi yake na wakamwambia mwingine. Mwaka 1989, mwaka 1991 na mwaka 1999 kila mara alikuwepo mtu aliyejua pale pana nini, akasimama, na wengine wakamwelewa. Mtu akizungushwa na mtu, akaambiwa "niliona," anatoka pale akiwa shahidi. Siku tingatinga likija, shahidi anajua kinachovunjwa. Mtu aliyezungushwa na simu ametoka na picha nzuri na asilimia za Ficus.

Sisi tunaoandika programu tunajua umuhimu wa nakala rudufu. Huweki data yote kwenye diski moja. Kila matembezi ya mzee yule ni nakala rudufu inayoingia kwenye vichwa ishirini. Tukimwondoa yeye, tumebaki na seva moja, na bili yake ya kila mwezi, na kikundi ambacho ufadhili ukiisha kitaizima. Mmewahi kuona programu ngapi za simu za mwaka 2015 ambazo bado zinafunguka?

Najua pingamizi zipo, na nyingine ni za haki.

Rafiki yangu tuliyesoma naye aliniambia: mwongoza wageni hapatikani kila siku, mwanafunzi hana pesa za kumlipa, kiziwi hamsikii, na mzee atakufa. Yote ni kweli, na la mwisho ndilo linaloniuma zaidi. Kutoandika kitu si kukihifadhi. Kogo naye ana umri. Lakini angalieni, hoja hizo zinadai tuandike maarifa pamoja na wazee. Hakuna hata moja inayodai tuwaondoe. Mstari wa sifuri kwenye bajeti haukuandikwa kwa ajili ya kiziwi.

Mwingine aliniambia napinga maendeleo, kwamba hata wapiga chapa walilalamikia kompyuta. Hapana. Ninaishi kwa kompyuta. Ninachosema ni kwamba kabla ya kuandika programu ya mahali, mhusika mkuu wa mahali pale awe mezani, si kwenye safu ya gharama.

Ningejenga nini

Maana si vizuri mtu kulalamika bila kutoa msimbo.

Ningeanza na kitu kidogo: mfumo wa kumtafuta mwongoza wageni, unaofanya kazi kwa ujumbe mfupi kwenye simu yoyote, pesa ziingie moja kwa moja kwenye M-Pesa yake. Shule iweze kuweka siku, mgeni aweze kujua nani yupo Jumamosi na anazungumza lugha gani. Hicho ni kitu cha wiki chache na kingeongeza kazi badala ya kuifuta.

Halafu ningeweka sauti. Mwenye maarifa anaongea kwa lugha yake, anasikiliza alichosema, anakubali au anakataa, na jina lake linabaki pale kama ajuavyo mwandishi yeyote. Likileta pesa, naye analipwa. Kwa asiyesikia, maneno yaandikwe, kwa Kiswahili, ambacho Katiba ya 2010 inakiita lugha ya taifa, na kwa lugha za nyumbani. Kibao popote duniani kina nafasi ya maneno machache. Hapo ndipo simu inaposaidia kweli, kubeba mugumo na simotwet na yale maswali ya Kogo: unatoa maziwa? mizizi inatoka juu?

Na safu ya mahali? Iwe ya hiari, mti kwa mti, na anayeamua ni wale wanaoulinda.

Niliwapelekea wale walionipa kazi mapendekezo haya. Si watu wabaya. Walinisikiliza, wakasema mradi wa namna hiyo haukui haraka, na wanaotoa pesa wanataka kitu kinachokua haraka. Tukaachana kwa heri. Sehemu ya malipo ambayo sikuwa nimeifanyia kazi ninairudisha kidogo kidogo kila mwezi, kwa sababu ilikwisha kuwa karo. Dada yangu ameniuliza kama nina hakika. Siku nyingine nina hakika, siku ya kutuma pesa ile hakika hupungua.

Lakini nimefanya jambo moja. Mkipita barabara ya Kericho kwenda Nakuru, kilomita nane hivi kutoka mjini, kuna Chagaik, bustani ya miti na bwawa, ambayo mkulima wa chai aitwaye Tom Grumbley aliipanda baada ya Vita vya Pili vya Dunia. Nimepita hapo kwa matatu maisha yangu yote nikienda na kurudi Chepseon. Sikuwahi kushuka. Likizo iliyopita nilishuka, na Kogo mkononi, na kiti chake.

Hakuna aliyetuongoza. Yeye ndiye aliyeongoza. Kila mti wa kigeni aliupita kwa heshima bila neno, kama mtu anayepita nyumba ya watu asiowajua. Kila aliposimama nilijua umefika wa kwetu. Nilimwomba ruhusa kwanza, nikamweleza simu hii itashika sauti yake na wajukuu wa wajukuu wataisikia. Akafikiri, akasema sawa, ila yale ya dawa nisiyashike. Nikazima kila alipoinua kidole.

Nina dakika arobaini na moja za sauti. Hazimo mtandaoni, na huenda zisiwemo kamwe. Hilo ni lake kuamua. Jedwali langu sasa lina safu ya nane, inaitwa "aliyesema," na nimeiweka mwanzo kabisa.

Wewe msomaji, mti ulio karibu na kisima cha kwenu unaitwaje? Usitafute kwenye simu. Itumie simu kupiga nyumbani, halafu rudi utuambie. Tuonane wiki ijayo, nikijaliwa.